Manowari Tuliyoijenga Greyville

Mwaka wangu wa mwisho chuoni nilipanga chumba Greyville, mjini Durban, kwa mume na mke Wakongo. Mume alikuwa fundi wa kunyoosha bodi za magari, na karakana yake ilikuwa uani, hatua chache kutoka dirisha langu, kwa hiyo asubuhi niliamshwa na nyundo. Mke alikuwa msusi. Alikuwa na kiti chake katika saluni moja upande wa Warwick Junction, na jioni alirudi vidole vimekakamaa hata kikombe cha chai akakishika kwa viganja. Wote wawili walitoka Uvira, kando ya Ziwa Tanganyika. Mimi ni wa Tanga. Siku ya kwanza walinicheka, wakasema naongea kama redio. Niliwaita Papa na Mama kama walivyoitwa na mtaa mzima, ingawa hawakunizidi umri kiasi cha kunizaa.

Nilikuwa nasomea uhandisi wa meli. Kazi ya kumalizia masomo ilikuwa hivi: kila mwanafunzi achague meli moja ya zamani, aeleze ilivyosanifiwa na ilivyotumika, kisha ajenge mfano wake unaoelea. Wenzangu walichagua meli za abiria na za mizigo. Mimi nilichagua manowari ya deraya, yaani iliyovikwa chuma, ya karne ya kumi na tisa, kwa sababu mhadhiri wetu alitaja darasani, kwa kupita tu, kwamba mtu aliyeibuni alizama nayo. Nilitaka kujua ilikuwaje.

Nilianza kuijenga kwa karatasi ngumu, mezani jikoni. Papa aliingia kunawa mikono, akasimama nyuma yangu.

"Dada, hii njo nini? Sanduku ya viatu?"

"Ni meli, Papa. Manowari."

"Ya karatasi? Utaiweka ndani ya maji iende wapi?"

Nikamwambia nitaipaka rangi isipitishe maji. Alicheka, akaibonyeza kwa kidole cha gumba, ubavu ukaingia ndani. "Eish. Lete ile mchoro yako huku inje. Batu ya chuma tuko hapa, weye unakata karatasi."

Ndivyo alivyoingia katika kazi yangu. Mhadhiri aliniruhusu kusaidiwa kujenga mfano, mradi hesabu na maelezo yawe yangu. Papa alitafuta bati kwenye milango ya magari yaliyogongwa, nami nikakata vielelezo vya karatasi vya kufuatisha. Kila alasiri nikitoka chuoni nilimkuta anachomelea, na nilipokaa alinitaka nimweleze kila kitu kilikuwa cha nini. Hakukubali kukunja bati lolote kabla hajajua kazi yake.

Kwa hiyo nilimweleza. Nilimwambia kuwa zamani meli za vita zilikuwa za mbao, na mizinga ilipoanza kurusha makombora yanayolipuka, meli ya mbao ikipigwa iligeuka kuni. Wakazivika mabamba ya chuma ubavuni, manene karibu shubiri, na nyuma yake wakapanga mbao za msaji ili zipunguze mshindo. Chuma hicho kina uzito, na hakuna meli inayoweza kubeba kila kitu. Ukiongeza deraya, huna budi kupunguza idadi ya mizinga. Ukiipunguza, iliyobaki lazima iwe mikubwa na iweze kuelekea pande zote. Ndipo ulipobuniwa mnara unaozunguka: chungu kikubwa cha chuma kilichofudikizwa sitahani, mizinga imo ndani, na mitambo ya kukigeuza iko chini yake.

Meli yangu ilikuwa na minara miwili. Aliyeibuni alikuwa ofisa wa jeshi la majini, si mjenzi wa meli kwa kazi yake. Alitaka minara ikae karibu na maji ili adui asione kitu kikubwa cha kulenga, kwa hiyo ubavu wa meli juu ya maji ukawa mfupi sana. Lakini injini za mvuke za siku zile zilikula makaa kwa pupa, na meli ya kwenda mbali haikuweza kuzitegemea peke yake. Ilibidi iwe na matanga. Akaisimamishia milingoti mirefu mno, na badala ya kamba nyingi za kuishikilia, ambazo zingezuia mizinga, kila mlingoti akaupa miguu ya chuma, kama kigoda.

Papa alisikiliza hapo akiwa ameshika koleo. "Donc chini mufupi, juu murefu."

"Ndiyo."

"Na hakuna mutu alisema?"

"Walisema. Wajenzi wa serikali walimwonya. Magazeti yalimpenda yeye."

Alitingisha kichwa, akarudi kwenye bati lake.

Kazi ilichukua miezi. Papa alikuwa fundi mzuri, lakini alipenda vitu imara, na kila mara aliongeza kipande cha chuma ambacho mchoro haukukiomba. Nikimkataza alisema chombo kitakuwa chepesi mno, kitapinda. Tulipoipima mwishoni ilikuwa nzito kuliko hesabu zangu, na sitaha ilikaa karibu na maji kuliko ilivyotakiwa. Nilikasirika. Halafu nikakumbuka kuwa jambo hilohilo liliipata meli yenyewe: mafundi wa yadi waliongeza chuma hapa na pale, na ilipoteremshwa majini ikakaa chini kuliko ilivyochorwa. Nikaandika hivyo katika ripoti. Papa alifurahi sana niliposema kosa lake limekuwa sahihi.

Jumapili moja baada ya kanisa tuliijaribu. Papa alikuwa amepasua pipa kubwa la plastiki kwa urefu, akalijaza maji, akaliweka katikati ya ua. Mama alitoa kiti akaketi na chai yake. Alikuwa bado amevaa kitenge cha kanisani na aliniambia nisimrushie maji.

Kwanza niliijaribu bila milingoti. Nilifunga uzi juu ya sitaha, nikauvuta pole pole mpaka meli ikalala upande, nikauachia. Ilirudi. Nikavuta zaidi, ikarudi. Kisha tukasimamisha milingoti ya chuma na matanga ya kitambaa. Ilielea vizuri, imetulia kabisa, hata Mama akasema ni nzuri. Nikavuta kidogo, ikarudi, ingawa kwa uvivu. Nikavuta tena mpaka ukingo wa sitaha ukaingia majini. Hapo sikuhitaji kuvuta. Ilijiendea yenyewe, taratibu kwanza, kisha mara moja, milingoti ikapiga maji na tumbo likatazama juu.

Mama alipiga makofi. Mimi pia nilifurahi, kwa sababu ilifanya kama vitabu vilivyosema. Papa hakufurahi. Aliitoa, akamwaga maji, akaniambia, "Rudia."

Nikarudia. Ikapinduka palepale.

"Rudia."

Nilieleza huku nikirudia. Meli inapoinama, upande ulioingia majini ndio unaoisukuma irudi. Yenye ubavu mrefu huendelea kupata nguvu hiyo hata ikiinama sana. Yenye ubavu mfupi, sitaha ikishazama, hakuna tena cha kusukuma. Nilimwambia pia mwisho wa ile meli ya kweli. Ilitumika muda mfupi tu. Ilisafiri na kundi la manowari nyingine, ikaenda vizuri kwa matanga, mizinga yake ikapiga vizuri, na mabaharia waliipenda kwa sababu haikuyumba sana. Mawimbi yalipita juu ya sitaha yake kama yapitavyo juu ya mwamba, na walizoea. Ilikuwa imekwisha kupimwa bandarini, lakini hesabu zenyewe hazikuwa zimewafikia waliokuwa ndani yake. Kisha ikaja dhoruba, ikalala ubavu, haikuinuka. Mamia ya watu walikwenda nayo, wachochea moto wakiwa chini kabisa mbele ya tanuri zao, na aliyeibuni akiwamo. Manowari nyingine za kundi hilo, zenye mbavu ndefu, zilipita katika dhoruba hiyohiyo na kulipokucha zilikuwapo zote.

Papa alikuwa amechuchumaa kando ya pipa. Aliuliza bila kunitazama.

"Ile meli, mutu moja akipanda juu, inaweza kupinduka sababu ya ule mutu moja?"

"Meli kubwa vile? Hapana."

"Na boti ya mbao?"

"Boti la ukubwa gani?"

Mama aliweka kikombe chini. "Papa," alisema, "mambo gani tena?"

Ndipo akasimulia, pale uani. Kabla hajaja Durban alikuwa akifanya biashara ndogo ziwani, yeye na mdogo wake. Siku moja walipanda boti mjini Baraka kurudi Uvira. Boti lilijaa mihogo, vitambaa, mbuzi na watu, na watu wengine walikuwa wamekaa juu ya paa la turubai na mbao. Papa alikuwa juu. Mdogo wake alikuwa chini, katikati ya mizigo, akilalamika kwamba moshi wa injini unamchefua.

"Nikamuita. Nikasema, panda huku, kuko hewa. Akapanda. Hakukaa hata muda wa kumaliza kula ndizi. Wimbi likakuja, si kubwa, boti ikalala. Vile vile." Alionyesha kwa kiganja. "Miye nilishika bidoni tupu iliyokuwa inaelea. Yeye walimutoa siku ya pili."

Mama aliolewa naye baada ya hapo. Alijua shemeji yake alikufa majini. Hakujua kuwa aliitwa apande. "Miaka yote hii," alisema, "unalala na hii neno?"

"Ningeisema nini?" Papa akasimama. "Dada, weye unasoma hii mambo. Niambie. Ni miye?"

Sikuwa tayari kwa swali hilo. Nilikuwa mwanafunzi, na jambo rahisi lingekuwa kumwambia hapana, tukaingia ndani kula. Lakini alikuwa ameniuliza kama mtu anayejua, na nilijua kwamba kila mtu anayepanda juu huusogeza uzito wa chombo juu kidogo, kikawa rahisi zaidi kupinduka. Nikamwambia boti hilo lilikuwa limejazwa kupita kiasi, na kosa ni la aliyelijaza. Akasema, "Sikukuuliza ya nani alijaza. Nilikuuliza, bila yeye kupanda, ingelala?"

"Sijui, Papa."

Aliingia ndani. Mama akanitazama kwa muda, wala si kwa hasira. "Ungesema hapana," aliniambia. "Ingekugharimu nini?"

Kesho yake nilimweleza mhadhiri. Hakuwa mtu wa maneno mengi. Alisema kwamba bila vipimo vya boti lile, na bila kujua mizigo ilivyopangwa, hakuna mtu duniani anayeweza kujibu. Alisema nimefanya vyema kutojibu. Nilitoka ofisini kwake nikiwa nimepewa haki, na sikujisikia vizuri hata kidogo. Kwenye taxi ya kurudi nilijaribu kupanga namna ya kulisema jambo hilo jikoni, sikuipata.

Siku zilizofuata Papa alinisalimia tu. Nyundo ilipiga asubuhi kama kawaida, lakini alasiri hakuniita. Manowari ilikaa juu ya rafu ya karakana, imefunikwa gunia, na ripoti yangu ilikuwa bado haina sehemu ya majaribio ya mwisho. Niliona aibu kuiomba. Mama alikuwa akinipakulia chakula bila maneno mengi, kisha siku moja akanisukia nywele bila kuombwa, na tulipokuwa katikati aliniambia, "Usiku anaamka, anasema na yeye mwenyewe. Ngoja tu."

Nilirudi mapema Jumamosi moja nikamkuta uani peke yake, na pipa limejaa maji. Manowari ilikuwa inaelea. Alikuwa amengʼoa milingoti, na mahali pake amefunga jukwaa dogo la bati, juu ya minara, kama paa. Pembeni alikuwa na kopo la nati za magari.

"Kuja," alisema. "Usiseme kitu. Angalia tu."

Alianza kuweka nati juu ya paa lile, moja moja, kwa kuzipanga sawasawa pande zote mbili. Meli ilizama kidogo kidogo. Kila alipoweka nati aliisukuma ubavuni kwa ncha ya kidole, ikayumba, ikarudi. Nati zilivyoongezeka ndivyo ilivyochelewa kurudi. Ilifika mahali ikawa inainama na kukaa hivyohivyo, kama mtu anayefikiri, kisha ndiyo irudi. Akaweka nyingine. Akaweka moja zaidi, na hakuigusa kabisa. Ikalala, nati zote zikamwagika chini ya pipa.

"Ile ya mwisho njo ndugu yangu," alisema.

Nilimsaidia kuokota nati.

Aliiokota meli, akaimwaga maji, akapanga nati zilezile tena. Safari hii alipobakiza ile ya mwisho aliishika mkononi, hakuiweka. Meli ilielea imesimama. Kutoka mbali ungesema haina tatizo lolote. Kisha akatikisa maji ya pipa kwa kiganja, wimbi dogo tu, la mtoto anayeoga. Meli ikalala palepale, na ile nati ikiwa bado mkononi mwake.

Alifanya hivyo tena. Nadhani aliirudia mara nyingi kabla sijafika, kwa sababu mikono yake ilikuwa imekunjamana kwa maji.

"Ile boti ilikuwa imekufa mbele ya yeye kupanda," alisema. "Wimbi ilikuwa inakuja, apande, asipande."

Nilimwambia ukweli wote niliokuwa nao. Kwamba hiki ni chombo kingine, kwamba boti lake lilikuwa na umbo lake na mizigo yake, kwamba jaribio hili haliwezi kuapa kwa ajili ya siku ile. Lakini nikamwambia pia kuwa alichokionyesha ni sahihi, ndicho kilicho kwenye vitabu: chombo kilichokwisha kumaliza akiba yake ya nguvu ya kujirudisha hakihitaji mtu wa kukiangusha, kinangoja wimbi tu. Na akiba hiyo humalizwa na aliyepakia.

"Hiyo inatosha," alisema. "Sitafuti ya kuapa."

Mama alikuwa amesimama mlangoni na sikujua alikuwa hapo tangu lini. Alikuja akaokota nati zilizobaki chini ya pipa, akazipangusa kwenye kanga yake, akazirudisha kwenye kopo. Kisha akamwambia mumewe apigie simu nyumbani.

"Leo?"

"Leo. Maman si kijana tena."

Mama mzazi wa Papa alikuwa bado Uvira, kwa dada yake. Papa alikuwa akimpigia kila mara, kuuliza afya, kuuliza bei ya unga. Jambo hilo hawakuwahi kuligusa. Aliketi kwenye kiti cha gari kilichowekwa ukutani, akaweka simu kwenye spika kwa sababu mikono ilikuwa na maji, na tukasikia sote, hata kuku wa huko walisikika. Alimsimulia kila kitu, jinsi alivyomwita mdogo wake apande, na kuhusu moshi na wimbi. Manowari hakuitaja, na nadhani asingejua aanzie wapi.

Mama yake alimwacha amalize.

"Hiyo ya kumuita nilijua," mama yake alisema. "Watu wa boti waliniambia, wakati ule ule wa matanga yake."

"Ulijua? Na hukusema?"

"Ningesema nini? Sikuwahi kusema ni weye."

"Mais Maman, hukusema si miye."

Mama mkwe, maana ndivyo Mama alivyokuwa akimwita, alivuta pumzi, tukaisikia. "Nilifikiri unajua," alisema. "Nilifikiri mutu mukubwa anajua peke yake. Si weye, mwanangu. Alikuwa anatapika kule chini, ulimuita apate hewa. Kaka anafanya nini tena?"

Papa alijifuta uso kwa mkono wenye grisi. Mama yake aliendelea kuzungumza, sasa kuhusu bati la paa lililovuja na jirani aliyehamia Bukavu, na Papa akawa anamjibu, ndiyo, hapana, nitatuma mtu alitazame. Waliongea mpaka vocha ikaisha.

Mimi nililipata jaribio langu la mwisho. Tulirudishia milingoti wiki iliyofuata, nikaipima mbele ya mhadhiri kwenye tangi la chuo, ikapinduka pale pale hesabu ziliposema. Papa alikuja kuona. Alivaa shati la kanisani, akasimama nyuma ya wanafunzi mikono ameifunga kifuani, na mhadhiri alipouliza nani amechomelea hii kitu, aliinua mkono kidogo tu. Waliongea wawili hao kwa muda kuhusu rivet, ile misumari ya kufungia mabamba, na kuchomelea, nusu Kiingereza, nusu kuonyeshana kwa vidole.

Nilifaulu, si kwa kung'ara. Mhadhiri aliandika kuwa sehemu ya matumizi ya meli ilikuwa fupi, jambo ambalo ni kweli, lakini meli yenyewe ilitumika kwa muda mfupi. Sasa naishi South Beach na kazi yangu ni kukagua meli za mizigo zinazoingia bandarini, kama zimepakiwa vizuri na alama zao za ubavu zinaonekana juu ya maji. Nahodha wakati mwingine huniambia chombo chake kimetulia sana, hakiyumbi hata kidogo. Mimi huomba kuona hesabu.

Papa na Mama walihamia nyumba kubwa zaidi, karakana wakaiacha palepale. Mwaka juzi alikwenda Uvira kwa mara ya kwanza tangu aondoke. Aliniambia aliporudi kwamba alimkuta mama yake amezeeka, paa limetengenezwa, na kwamba walikwenda pamoja kwenye kaburi la mdogo wake wakang'oa majani. Kurudi kusini alipita kwa barabara ya kando ya ziwa, ingawa ni ndefu na mbaya. Nikamuuliza kwa nini hakupanda boti.

"Nilienda kuziangalia," alisema. "Batu walikuwa juu ya paa. Nikawaambia washuke. Banacheka. Nikatafuta gari."